Sinema ya Mawe Meupe

Karibu kila shule ya kwetu, na parokia nyingi pia, ina mawe yaliyopakwa chokaa kando ya njia. Watoto huyapanga, mvua huyachafua, nao huyapaka upya mgeni mkubwa anapotazamiwa. Ni pambo tu. Sijapata kusikia mtu aliyekosa usingizi kwa sababu jiwe moja limesogea. Lakini ilikuwako nchi ambamo mawe ya namna hiyohiyo yaliweza kumtia mtu mashakani makubwa, na baadaye watu wa nchi hiyo wenyewe wakatengeneza sinema ya kuyacheka. Sinema hiyo imeleta ubishi katika parokia yetu. Wengine wamesema ni nzuri sana, wengine wamesema ni aibu kuchekea mambo kama yale. Kwa kuwa mimi ndiye niliyeitafsiri mbele ya watu, nimeona nieleze habari yote kwa maandishi, nanyi mpime wenyewe nyumbani kwenu.

Nchi hiyo ni Albania. Iko Ulaya, ng'ambo ya bahari ukitoka Italia, na kusini imepakana na Ugiriki. Ni nchi ndogo yenye milima mingi. Tanzania yetu inaizidi ukubwa zaidi ya mara 30. Wengi wa watu wake ni wa jamaa za Kiislamu, kusini wako Waorthodoksi, na kaskazini, pande za mji wa Shkodër, ndiko waliko Wakatoliki wengi. Labda nchi hamwijui, lakini mtoto mmoja wa taifa hilo mnamjua: ni Mama Teresa wa Kalkuta, aliyezaliwa mwaka 1910 katika mji wa Skopje, na wazazi wake walikuwa Waalbania. Masista wake walipofungua nyumba yao ya kwanza Afrika, mwaka 1968, waliifungua Tabora. Tena wazee waliosikiliza redio mwaka 1971 watakumbuka jinsi China ya Peking ilivyopewa kiti chake katika Umoja wa Mataifa. Shauri lile liliitwa la Albania, na Tanzania ilikuwa mmoja wa waliolipeleka.

Sinema yenyewe kwa Kialbania inaitwa Parullat, yaani maneno ya chama, au kaulimbiu kama tusemavyo siku hizi. Ilitoka mwaka 2001. Mwongozaji wake ni Gjergj Xhuvani, na hadithi imetoka katika kitabu cha Ylljet Aliçka, mtu aliyepata kuwa mwalimu wa shule huko vijijini, katika milima ya kaskazini. Baadaye alikuwa balozi wa nchi yake Ufaransa. Basi hakusimuliwa mambo haya, aliyaona. Mwaka huohuo wa 2001 sinema ilionyeshwa kwenye tamasha la Cannes, Ufaransa, na huko Tokyo, Japani, ikapewa tuzo kuu ya tamasha lao. Padre mgeni aliyepita kwetu alituachia katika kompyuta ya ofisi. Maneno ya Kiingereza huandikwa chini ya picha, nami nilisimama kando ya ukuta wa ukumbi nikayageuza kwa Kiswahili kwa sauti, mpaka koo likanikauka.

Hadithi ni hii. Mwalimu kijana wa elimu ya viumbe anatoka Tirana, mji mkuu, anapelekwa kufundisha katika shule ya kijiji milimani, katika miaka ya 1970. Anafika na sanduku lake. Anatazamia kuonyeshwa darasa, vitabu na nyumba ya kulala. Kumbe jambo kubwa analoulizwa na wakubwa wa shule ni kuchagua maneno. Kila mwalimu na darasa lake wana sehemu yao mlimani ya kuandika maneno ya chama kwa mawe meupe, makubwa hata yasomeke kutoka mbali. Yako maneno mafupi, na yako marefu, kama yale yasemayo kwamba ubeberu wa Marekani ni chui wa karatasi tu. Anayependwa na wakubwa hupata mafupi. Asiyependwa hupata marefu.

Watu wetu walianza kucheka papo hapo, na haki yao. Mimi, kwa tabia ya ukarani, nilipiga hesabu. "Ubeberu wa Marekani ni chui wa karatasi" kwa Kiswahili ni herufi 33. Tukisema kila herufi imetaka mawe 40 tu, umekwisha fika mawe 1,320. Nani atayatafuta, atayabeba mpaka huko juu, atayapaka chokaa? Watoto. Na saa hizo za kubeba mawe zinatoka wapi? Zinatoka katika hesabu, na kusoma, na hiyo elimu ya viumbe ambayo mwalimu alisomea miaka yote ile.

Najua mtu ataniambia kwamba hata kwetu watoto wa shule wamefanya kazi: wamelima, wamechota maji, wamefyatua matofali. Ni kweli, nami nilifyatua. Lakini tofali likikauka linakuwa ukuta, na ndani ya ukuta anaingia mtoto kusoma. Lile jiwe la mlimani halikuwa kitu ila herufi, na herufi ilikuwa ya neno ambalo aliyelipanga halimhusu, na aliyeamuru hakulisoma mara mbili.

Sitawasimulia yote, maana nataka mwione wenyewe. Yumo mwalimu wa kike afundishaye Kifaransa, na kijana wetu anampenda. Yumo mwalimu mkuu mwenye kuogopa wakubwa na kuogopesha wadogo. Yumo mchunga mbuzi, mtu wa watu, anayeingizwa mashakani kwa ajili ya mawe hayo, na hapo kicheko kinaanza kukukwama kooni. Mwalimu kijana inambidi achague kama atanyamaza kama wengine au la. Hapo naachia.

Sasa nije kwenye ubishi. Taa zilipowashwa, watu wengi walikuwa bado wanacheka wakiigana. Mzee mmoja, katekista wa siku nyingi, ambaye ndiye aliyenifundisha mafundisho ya Komunyo ya kwanza, hakucheka. Aliniita kando akaniuliza, "Mwanangu, nchi hiyo siyo ile waliyoua mapadre?" Nikamjibu, "Ndiyo, Baba, ndiyo hiyo." Akasema, "Basi watu wamekufa, nanyi mnacheka?"

Kabla sijapata jibu, mama mmoja wa WAWATA aliyekuwa akikusanya mikeka akaingilia. Akasema, "Lakini Baba katekista, msibani kwetu watani hawaji? Hawajilazi kaburini? Hawamwigi marehemu alivyokuwa akitembea, mpaka mjane mwenyewe anacheka?" Watu wakasogea kusikiliza. Mzee akafikiri kidogo, akajibu, "Mtani ana ruhusa. Ametokea wapi anajulikana, na utani wake una asili yake, tangu babu. Hawa wa sinema nani aliwapa ruhusa? Na sisi tuliokaa hapa kwenye mabenchi, nani alitupa?"

Neno hilo lilinikaa. Nililala nalo, nikaamka nalo. Kwa upande wa wenye sinema jibu ni rahisi: mwandishi alikuwa mmoja wa walimu wale, naye ni mfiwa, siyo mpita njia. Mfiwa akicheka nani atamkataza? Lakini kwa upande wetu sisi, wageni wa msiba ule, mzee alikuwa na haki ya kuuliza. Mtani wa kweli anamjua marehemu. Ndiyo sababu anaweza kumwiga. Sisi tulikuwa tumecheka bila kumjua hata marehemu mmoja. Kwa hiyo nikaanza kutafuta na kusoma, na niliyoyapata ndiyo haya.

Mtu aliyeitawala Albania tangu mwaka 1944 mpaka alipokufa mwaka 1985 aliitwa Enver Hoxha. Mtashangaa mkisikia kwamba naye alikuwa mwalimu! Alisoma Ufaransa, kisha alifundisha katika shule ya Kifaransa katika mji wa Korçë, kabla ya vita. Alifanya urafiki na Yugoslavia, wakakosana mwaka 1948. Alifanya urafiki na Urusi, wakakosana mwaka 1961. Akafanya urafiki na China, nao wakaachana mwaka 1978. Mwisho akabaki peke yake, na nchi nzima imejaa ngome ndogo za saruji, zaidi ya 170,000, zikimngoja adui ambaye hakuja. Nanyi fikirini: kila rafiki alipogeuka kuwa adui, ilibidi maneno yake ya sifa yaondolewe, na mengine yapangwe mahali pake. Ndiyo kusema sinema haikuongeza chumvi nyingi. Juu ya mlima wa Shpirag, karibu na mji wa Berat, vijana waliandikishwa mwaka 1968 kupanga jina lake, ENVER, kwa mawe yaliyopakwa rangi nyeupe, na kila herufi ilipita mita 100 kwenda juu. Kiwanja cha mpira cha kwetu kingelala ndani ya herufi moja.

Mwaka mmoja kabla ya hapo ulikuwa mwaka mchungu kwa dini zote. Mnamo Februari 1967 Hoxha alitoa hotuba, na mara wanafunzi wa shule moja ya sekondari katika mji wa Durrës wakatangulizwa mbele kuanzisha vita juu ya dini. Angalieni, ni wanafunzi tena. Katika mwaka huo nyumba za ibada 2,169 zilifungwa, misikiti kwa makanisa na nyumba za watawa. Kanisa kuu la Shkodër liligeuzwa jumba la michezo. Serikali ikajisifu kwamba Albania ni nchi ya kwanza duniani isiyo na Mungu, na katiba ya mwaka 1976 ikaandika kwamba dola haitambui dini yo yote.

Nimesomea ualimu, na yapo mambo mawili katika habari hizi ambayo siwezi kuyapita upesi.

La kwanza ni la maziwa. Katika siku za Kwaresima, na vilevile katika mwezi wa Ramadhani, maofisa waligawa maziwa na vyakula vingine ambavyo wafungao hawavili, wakavigawa shuleni na kazini. Aliyekataa alijulikana, akashitakiwa mbele ya watu. Nanyi fikirini jambo hili lilivyo. Mtoto amekaa kwenye benchi. Mama yake amemwambia kwa siri asubuhi kwamba leo hatunywi maziwa. Mwalimu anapita na kikombe. Mtoto akikipokea, amemkosea mama. Akikikataa, amemfunga mama. Nilipokuwa chuoni tulifundishwa namna nyingi za kujua kama mtoto ameelewa somo. Hii ya kupima mtoto kwa kikombe cha maziwa sikupata kuisikia. Nimesema jambo hili kwa mke wangu, naye alikaa kimya kitambo, halafu akasema, "Mimi ningemwambia mtoto anywe tu, Mungu anajua." Labda mama wengi wa huko walisema hivyohivyo.

La pili ni la majina. Mwaka 1975 ilitolewa amri kwamba watu wenye majina yasiyofaa kwa siasa na itikadi ya dola wayabadili, na majina ya dini yalikuwa ndiyo hayo. Mimi kazi yangu ni kuandika kitabu cha ubatizo. Kila Jumapili ya ubatizo nakaa mezani nikiuliza: mtoto ni nani, baba nani, mama nani, msimamizi nani. Wakati mwingine nakasirika kidogo, maana wazazi wanabishana jina hapohapo mbele yangu, bibi anataka la kwake, na wino unakauka. Sasa nafikiri juu ya nchi ambayo kitabu kama hiki kingekuwa ushahidi wa kumhukumu padre. Wala sisemi kwa mfano. Padre Shtjefën Kurti, mzee aliyekwisha kufungwa miaka mingi, alibatiza mtoto kwa siri. Akahukumiwa kufa, akapigwa risasi mwaka 1971. Ubatizo mmoja. Kwetu katika mwezi wa Pasaka naandika majina mpaka vidole vinauma.

Mwingine ni Padre Ernest Simoni. Alikamatwa usiku wa tarehe 24 Desemba 1963, baada ya Misa ya Noeli. Katika mashitaka yake lilikuwamo hili, kwamba alisoma Misa kwa ajili ya Rais Kennedy wa Marekani, aliyeuawa mwezi uliotangulia. Alihukumiwa kufa, kisha hukumu ikapunguzwa. Alikaa kifungoni na katika kazi ngumu miaka 18, pamoja na machimbo ya shaba ya Spaç. Humo alisoma Misa kwa Kilatini, kwa moyo, bila kitabu, kwa siri. Alipofunguliwa mwaka 1981 bado aliitwa adui wa taifa, akapewa kazi ya kusafisha mifereji ya maji machafu mjini Shkodër.

Na Mama Teresa mwenyewe, ambaye dunia nzima ilimfungulia milango, mlango mmoja ulimkataa. Mama yake na dada yake walikuwa Tirana. Aliomba waruhusiwe kutoka, wakakataliwa. Mama alifariki mwaka 1972, hawakuonana tena. Yeye alikanyaga Albania mwaka 1989 tu, akaenda kuweka maua kaburini.

Nilipokwisha kusoma haya nilirudi kwa mzee katekista nyumbani kwake, nikamsomea yote. Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha nikamwambia jambo jingine nililolipata, nalo kwangu ndilo linalogeuza shauri hili. Sheria ya makosa ya jinai ya Albania ya mwaka 1977, kifungu cha 55, ilisema kwamba mtu akifanya uchochezi na propaganda juu ya dola atafungwa miaka 3 mpaka 10, na kama ni wakati wa vita au madhara ni makubwa, zaidi ya hapo, hata kuuawa. Na uchochezi huo ulikuwa nini? Mara nyingi ni neno tu. Mtu amenung'unika kwenye foleni ya mkate. Mtu ametoa mzaha mezani, na mmoja wa waliokula naye akaupeleka mbele. Nikamwambia, "Baba, watu wale walifungwa kwa sababu ya kucheka. Yule mwalimu wa sinema, kama angecheka wakati ule kama tulivyocheka sisi ukumbini, angekwenda Spaç. Kwa hiyo walipopata nafasi, walicheka kile walichokatazwa."

Mzee akasema, "Hilo nimelisikia. Lakini wewe hukulisema kabla ya kuonyesha." Nikamwambia wakati ule nilikuwa bado sijalisoma. Akasema, "Basi sasa umelisoma."

Msidhani kwamba Waalbania wenyewe wamekubaliana. Mwaka 2017 taasisi yao inayochunguza makosa ya ukomunisti ilitoa shauri kwamba sinema za zamani, zilizotengenezwa wakati wa Hoxha kusifu chama, zisionyeshwe tena katika televisheni. Ubishi ulikuwa mkubwa. Waliofungwa walisema ni kama kumwonyesha mtu fimbo iliyompiga. Wengine walisema ndizo sinema walizokua nazo, wanazipenda waigizaji wake, na kuzificha ni kufanya kazi ileile ya mkata sinema wa zamani. Mimi sipendi kuhukumu nyumba ya mtu mwingine. Ila naona tofauti kubwa kati ya sinema inayomcheka aliyebebeshwa jiwe na sinema inayolicheka jiwe na aliyeliamuru. Hii ya Xhuvani ni ya namna ya pili. Sikumwona hata mara moja akimdharau mtoto au yule mchunga mbuzi. Anayeonekana mpumbavu ni yule mwenye kalamu ya kuandika nani amekosa. Ubaya wake, kama nikiambiwa niseme, ni kwamba inazungumza habari za shule na mawe, wala haitoshi kumfanya mgeni ajue yaliyowapata watu wa dini. Mtu akiiona hiyo tu atadhani shida yote ilikuwa kuchoka mgongo.

Mambo yale yamekwisha. Novemba 1990 Padre Simon Jubani, aliyekaa kifungoni miaka mingi, alisoma Misa hadharani katika makaburi ya Shkodër, na watu walikuja kwa mamia, kisha kwa maelfu, Waislamu wakisimama pamoja na Wakatoliki. Mwaka 1993 Baba Mtakatifu Yohane Paulo wa Pili alifika, akawapa daraja maaskofu wanne katika kanisa kuu lile lililokuwa jumba la michezo. Tarehe 21 Septemba 2014 hayati Baba Mtakatifu Fransisko alikwenda Tirana, akamsikiliza Padre Simoni akisimulia maisha yake, akamkumbatia huku analia. Mwaka 2016 akamfanya kardinali, padre wa kawaida asiyepata kuwa askofu. Na tarehe 5 Novemba mwaka huohuo, katika Shkodër, mashahidi 38 walitangazwa Wenye Heri: maaskofu, mapadre, watawa na walei. Mwanamke ni mmoja tu kati yao, Maria Tuci. Alikuwa mwalimu wa shule ya msingi. Alikamatwa mwaka 1949, akateswa, akafa mwaka 1950, naye ana miaka 22.

Nao mlima wa Shpirag? Baada ya utawala ule kuanguka, jeshi lilitumwa kuyaharibu maandishi, lakini mlima ni mkubwa na mawe ni mengi, hayakufutika yote. Mwaka 2012 fundi wa sanaa, Armando Lulaj, alipanda huko pamoja na wanakijiji. Walibadilisha herufi mbili za mwanzo tu, ile E na ile N zikapishana. Jina ENVER likasomeka NEVER, neno ambalo kwa Kiingereza maana yake ni "kamwe". Wazee waliobeba mawe ujana wao wakayabeba tena, safari hii kwa hiari.

Tutaionyesha sinema tena ukumbini, Jumapili, baada ya Misa ya pili. Inachukua kama saa moja na nusu. Wazazi, watoto wadogo waacheni nyumbani, maana yamo mambo ya mapenzi ya watu wazima yasiyowafaa. Wa sekondari waje. Mzee katekista amekwisha kuniambia kwamba atakuja, nimwekee kiti karibu na ukuta kwa kuwa macho yake hayaoni mbali. Ila ametoa sharti. Kabla ya taa kuzimwa anataka yasomwe majina ya wale 38, yote, nasi tuwe tumesimama. Nimekwisha kuyanakili kwa mkono katika daftari, na kila jioni nayasoma kwa sauti ofisini nikiwa peke yangu, maana kuyaandika si kazi. Kazi ni kuyatamka.